Wimbo Uliomfukuza Kiritani

Kwa miaka ishirini na mitano nilinakili noti za muziki za Kiritani Shuhei, na katika miaka hiyo alihama nyumba mara kumi na nne. Mkewe, Bi Mineko, alifika mahali hafungui tena makasha yote. Sahani nzuri aliziacha humo humo ndani ya nyasi zake, akisema haoni sababu ya kuzitoa leo na kuzirudisha kesho. Sababu za kuhama hazikuwa na kichwa wala miguu. Nyumba moja ilikuwa karibu na shule. Nyingine, muuza tofu, ile jibini ya soya, alikuwa akipita mbele yake kila jioni na kijitarumbeta chake, akipuliza noti iliyolegea kidogo. Nyingine ilikuwa kimya mno. "Nyumba hii inanisikiliza," alimwambia mkewe, na wiki iliyofuata lori likaja.

Kazi yangu ilikuwa hivi: yeye anaandika muziki wa filamu kwenye karatasi kubwa, vyombo vyote pamoja, kwa penseli, mbio mbio, mimi natoa humo sehemu ya kila mpigaji, kwa wino, safi, ili mtu wa violini asione ila violini yake. Siku zile studio zilikuwa zikitoa filamu kama mkate. Mwongozaji anamaliza kukata picha zake Jumatatu, na Alhamisi okestra imeshakaa inasubiri. Wengi walikuwa wakilia na kasi hiyo. Kiritani ndiyo iliyomweka hai. Nikimletea kurasa zilizokauka namkuta ameshaanza filamu nyingine, amesimama, hakai, sigara mbili zinaungua kwenye visahani viwili kwa sababu ameisahau ya kwanza.

Alikuwa mtoto wa fundi wa ndara za mbao, pale mtaa wa Asakusa. Akiwa na miaka kumi na saba alipiga violini katika jumba la sinema, enzi za filamu zisizo na sauti, yeye na wenzake watano wamekaa gizani chini ya pazia, na juu yao msimulizi akisema maneno ya wanaume na wanawake wote kwa kinywa kimoja. Filamu zenye sauti zilipoingia, wanamuziki wakaachishwa kazi mji mzima. Kiritani akaenda kubisha lango la Studio ya Shiomine, ukingoni mwa mto Tama. Akaambiwa kuna filamu ya wapiga panga, mtunzi wake ameugua, muziki unatakiwa baada ya siku tano. Akauleta siku ya nne. Tangu hapo hawakumpa nafasi ya kupumzika, naye hakuiomba.

Mwaka wa arobaini na mbili, vita vikiwa vimepamba moto, alitunga wimbo kwa ajili ya filamu ya marubani vijana. Filamu yenyewe hakuna anayeikumbuka. Wimbo ndio ulioshika nchi. Uliimbwa shuleni, viwandani, na zaidi ya kote kwenye vituo vya treni, vijana walipokuwa wakiagwa. Katikati yake pana mahali sauti inapanda hatua moja zaidi ya unavyotarajia, na ukifika hapo kifua kinafunguka chenyewe, utake usitake. Nimekaa na muziki maisha yangu yote na sijui mpaka leo alifanyaje pale.

Vita vilipokwisha alitunga muziki wa filamu zaidi ya mia na hamsini: za majambazi, za akina mama wajane, za mizimu, za madereva wa malori wanaopendana na wahudumu wa mikahawa. Watu walikuwa wakitoka sinema wakizungumzia picha. Hakuna aliyetoka akiimba. Lakini akiingia kilabuni tu, mtu amtambulishe, basi vikombe vinawekwa chini na wanaume wazima wanaanza ule wimbo, macho yamewalowa. Yeye husema anakwenda msalani, anapitia mlango wa nyuma. Bi Mineko alinunua makoti mengi sana miaka ile, maana koti lilikuwa likibaki msumarini kilabuni na mwenyewe hana uso wa kulirudia.

Oktoba ya mwaka wa hamsini na saba, mtayarishaji mkuu wa studio, Mzee Otaguro, alimwita ofisini. Nilikuwepo, kwa kuwa nilikuwa nimebeba kurasa za kutiwa muhuri. Otaguro alikuwa mtu mnene, mwenye sauti ya upole, asiyeacha kutafuna karanga.

"Kiritani, kaa."

"Nimekaa tangu asubuhi. Sema."

"Hujakaa tangu nikujue. Sikiliza. Filamu ya marubani waliorudi salama. Miaka kumi na miwili imepita, wanakutana, wanakunywa, wanakumbuka wenzao, wanaagana kituoni. Watu sasa wako tayari kulia, ndugu yangu. Zamani tulikuwa na njaa, nani angepata nafasi ya kulia?"

"Mtafute mtu mwingine."

"Sijakuambia bado ninachotaka."

"Unautaka ule wimbo."

"Nautaka," Otaguro akasema, akipuliza maganda mezani. "Mwanzo, kati na mwisho."

"Sitoi."

"Hutoi? Si wako uutoe. Ulitia saini, ni wa studio. Usipoupanga wewe nitampa Nezu, yule kijana wa matangazo ya sabuni."

Kiritani aliyekuwa amefika mlangoni akageuka. "Nezu atafanya nini nao?"

"Atautilia kengele."

"Kengele?"

"Anapenda kengele."

Nilimwona anavyovuta pumzi. Akarudi, akaegemeza mikono yote miwili mezani. "Nipe wiki tatu. Nitakuletea wimbo mpya. Ukiwa bora kuliko ule, ule unabaki kabatini."

"Na usipokuwa bora?"

"Utakuwa."

"Haya. Ila atakayeamua ni mimi," Otaguro akasema, na kumsogezea karanga. Hakuchukua.

Wiki tatu zile sitaki zirudi. Alitunga nyimbo kumi na tisa. Alikuwa akiandika amesimama, kisha anatoka, anatembea tutani kando ya mto mpaka darajani, anarudi, anafuta. Mara nyingine alinitaka nimfuate na karatasi, na tukawa tunakwenda vile kwenye upepo, yeye mbele anapunga mkono, mimi nyuma nimeshika kofia yake. Wavuvi wa pale mtoni walituzoea. Mmoja alinipigia kelele, "Dada, mumeo amepoteza nini?" Nikamjibu kwamba si mume wangu na hajapoteza kitu. La pili sikuwa na hakika nalo.

Alasiri alikuwa akienda kwenye hamamu ya mtaani. Siku moja alirudi nywele zinachuruzika, hakujifuta vizuri, kitambaa kiko shingoni.

"Kuna mzee kule anaimba. Maji yamemfika kidevuni na anaimba!"

"Anaimba nini, Mwalimu?"

"Unajua anachoimba!"

Bi Mineko alitoka jikoni na kitambaa kikavu, akaanza kumfuta kichwa kama mtoto. "Basi tuhame," akasema bila hasira yoyote, na hilo lilinitia huzuni kuliko kama angepiga kelele.

Alhamisi moja, siku tano kabla ya kurekodi, alinipigia ule wa kumi na tisa kwenye piano. Akaupiga mara mbili. Kisha akazunguka kwenye kigoda akanitazama. Macho yalikuwa mekundu.

"Bi Nobue, masikio yako nayaamini kuliko ya mtu yeyote kwenye studio. Sema kweli. Kati ya nyimbo zote nilizoandika maishani, upi bora?"

Ningeweza kusema ule wa kumi na tisa. Ulikuwa mzuri. Ungekuwa wa mtunzi mwingine ningeusifu. Lakini nilikuwa nimechoka, vidole vimejaa wino, na mambo niliyoyafungia miaka minane yalikuwa yamenifika kooni.

"Ule wa marubani," nikasema.

Akafunga kifuniko cha piano.

"Ndio bora, Mwalimu. Hutaupita. Kaka yangu alikwenda nao."

"Kaka yako?"

"Tamotsu. Mwaka wa arobaini na tatu, kituo cha kijijini kwetu, Echigo. Alikuwa na miaka ishirini. Kijiji kizima tuliuimba. Yeye mwenyewe aliuimba dirishani mwa treni, vibaya, sauti yake ilikuwa kama ya kunguru. Hakurudi hata jino lake. Walituletea kisanduku kina kipande cha karatasi badala ya mifupa."

Kiritani hakutikisika. Ndiyo mara yangu ya kwanza kumwona ametulia, na sikuipenda.

"Miaka minane uko hapa," akasema. "Kwa nini ulikuja kufanya kazi kwangu?"

"Nilikuja nikutazame. Nilitaka nikuone uso, nikuambie neno moja, niondoke. Nilikuwa nimelikariri neno lenyewe ndani ya treni njia nzima. Nikafika, hukunitazama hata kidogo, ukanipa kurasa za violini ya pili ukasema zinatakiwa saa nane. Nikakaa ninakili. Kisha zikaja nyingine."

"Neno gani?"

"Nimelisahau," nikasema. Nilikuwa sijalisahau, ila siku ile nililiona dogo.

Alisimama, akachukua kofia, akatoka. Nilidhani amekwenda mtoni.

Ijumaa hakuja. Jumamosi asubuhi Bi Mineko alikuja chumbani kwangu nilikopanga, amevaa ndara za nyumbani, hakujua kama amezivaa.

"Nobue, mdogo wangu, yuko wapi?"

"Sijui, dada. Sijamwona tangu juzi."

"Amechukua koti, hilo linanitia moyo. Mtu anayetaka kujitupa mtoni hachukui koti, sivyo?"

Tulitafuta. Tulikwenda kwenye vilabu, kwenye hamamu, kwa nduguye Asakusa. Otaguro alituma watu wawili wenye baiskeli wapite tutani kote mpaka mto unapopanuka. Kila nilipokuwa nikikaa niliyasikia maneno yangu mwenyewe, hasa lile la kisanduku, nikawa nainuka tena. Usingizi haukuja siku mbili zile.

Jumapili mchana tarishi akaniletea simu ya maandishi kutoka kwa mama yangu, ambaye maishani mwake hajawahi kutuma simu. Ilisema: MTU WA MUZIKI YUKO HAPA. ANANG'OA FIGILI. JE NI MZIMA WA AKILI. MAMA.

Nilimpelekea Bi Mineko, akaisoma, akakaa kizingitini akacheka mpaka machozi yakamtoka. Mimi sikucheka. Nilishikwa na hasira ambayo sijapata kuwa nayo tena. Nani alimtuma kwa mama yangu? Maumivu yale yalikuwa ya nyumbani kwetu. Nilimwonyesha mara moja tu, naye ameyabeba akapanda nayo treni!

Yaliyotokea kule mama alinisimulia mwaka mpya, nilipokwenda. Alikuwa ukumbini akifunga figili jozi jozi za kuanika. Mwanaume mwenye koti la mjini akaingia, akapiga magoti kwenye udongo, akainama mpaka paji la uso likagusa chini, akasema jina lake na alichokitunga.

"Kwa hiyo ndiye wewe," mama akasema.

"Ndiye mimi."

"Unataka nini?"

"Nimekuja kuomba radhi, mama."

"Ukishapewa utafanya nini nayo?"

Mama akamtazama kisogo kwa muda. Kisha akamwambia, "Inuka. Chini hapo pana baridi na umeniziba mlango. Theluji haiko mbali, shamba lote la figili bado liko ardhini, na niliyemtegemea kuling'oa mlimchukua nyinyi. Viatu vyako hivyo vitaoza. Vaa vile pale."

Vile pale vilikuwa viatu vya mpira vya kaka yangu.

Alifanya kazi siku mbili na nusu. Mama anasema alikuwa mng'oaji mbaya, anavuta kwa pupa, anavunja ncha, na hawezi kumaliza mstari mmoja kabla hajahamia mwingine. Alilala chumba cha nyuma. Hawakuzungumza mengi. Ila siku ya pili, wakiosha figili kijitoni, mikono imekufa ganzi, mama alimweleza habari za siku ile kituoni, jambo ambalo hata mimi niliyekuwepo sikuwahi kulisikia likisemwa.

Treni iliondoka, mama alisema, na sisi tukaendelea kuimba. Mkuu wa kijiji alikuwepo, polisi alikuwepo, chama cha akina mama kilikuwepo na mikanda yao myeupe. Nani angekuwa wa kwanza kunyamaza? Wimbo ulipokwisha tukauanza upya, tunatazama reli tupu. Mara nne. Watoto wakapotewa na sauti. Mpaka mkuu wa kituo, ambaye alikuwa na treni nyingine inakuja, akatuomba kwa heshima tusogee nyuma.

"Sikulia," mama alimwambia Kiritani. "Nilikuwa naimba. Hilo ndilo ulilonifanyia. Nilikuwa na nafasi moja ya kumlilia mwanangu, na kinywa kilikuwa na kazi."

Jumanne alitoka stesheni moja kwa moja mpaka studio. Okestra nzima ilikuwa imeshakaa, watu arobaini, wakijaribu vyombo vyao na kunong'ona. Aliingia na ndevu za siku tano, kucha nyeusi kwa udongo. Nilikuwa kwenye meza yangu ya pembeni. Alinijia.

"Mwalimu," nikamwambia kabla hajafungua mdomo, "nani alikupa ruhusa ya kwenda kwa mama yangu?"

"Hakuna."

"Basi leo usinisemeshe ila la kazi."

Akainamisha kichwa. "La kazi, basi. Ukurasa wa mwisho, picha ya kuagana kituoni. Kila chombo, mwandikie: ule wimbo mzima, urudiwe mara nne, bila pumziko. Tarumbeta pia."

"Mpiga tarumbeta hawezi mara nne bila pumziko. Mdomo utamfa."

"Najua."

Niliandika. Nikamwaga wino kwenye ukurasa wa filimbi ikabidi niuanze tena. Nilikuwa nimeshaelewa ni wapi alikoitoa hesabu ile ya nne, maana nami nilikuwepo kituoni, nikiwa na miaka kumi na minane, nikiimba.

Taa zikazimwa, picha ikapigwa ukutani bila sauti, kama tulivyofanya siku zote. Marubani wa zamani, sasa wana vitambi na miwani, wanapeana mikono kituoni. Kiritani akainua kijiti chake cha kuongozea. Wimbo ukaanza. Ushijima, mpiga tarumbeta, alikuwa askari, alikaa mateka Siberia miaka mitatu. Alipofika pale sauti inapopanda nilimwona machozi yanamtiririka na anapiga vizuri kuliko siku zote. Na si yeye tu. Nusu ya wanaume wale walikuwa na nyuso kama za vijana. Mimi mwenyewe kifua kilifunguka. Nilijichukia, na kilifunguka vile vile.

Mara ya pili nyuso zilikuwa zimetulia. Mara ya tatu, kwenye picha watu wameshaondoka, kituo ni kitupu, kuna mfagiaji tu. Mikono ya violini imeanza kuwa mizito, sauti zinapishana kidogo, tarumbeta inakwaruza. Mara ya nne haukuwa tena wimbo. Ilikuwa pumzi za watu. Pale panapopanda, Ushijima alijaribu, ikatoka hewa, akajaribu tena, ikatoka sauti iliyopasuka katikati, na Kiritani hakushusha kijiti, alikuwa akiwavuta mmoja mmoja kwa macho, jasho limemlowesha, mpaka noti ya mwisho.

Kisha Ushijima akasema, "Mwalimu, mdomo unatoka damu."

"Naona. Nisamehe."

"Sijalalamika."

Mwongozaji, kijana mwembamba ambaye wiki zote zile hakuwa amesema lolote la maana, alisimama akasema kwa sauti ya kukauka, "Hiyo. Nataka hiyo hiyo, msiguse." Sote tukageukia kioo cha chumba cha mitambo. Otaguro alitoka taratibu akijipangusa mikono.

"Mara ya kwanza ni nzuri sana," akasema. "Tutatumia mara ya kwanza."

"Utatumia zote nne," Kiritani akasema.

"Na yule mfagiaji tutamkata."

"Otaguro. Umesikia au hukusikia?"

"Nimesikia. Unadhani mimi sikuagwa na mtu? Sikuaga mtu?" Ndiyo mara pekee niliyosikia sauti ya yule mzee ikipanda. Akaishusha tena. "Watu wanaingia sinema ili baadaye waende nyumbani, Kiritani. Wewe unataka kuwabakiza kituoni."

"Ndiyo."

"Basi hapana."

Wakabishana mpaka chakula cha mchana kikapoa kwenye vibweta vyake, wapigaji wakaanza kufunga vyombo mmoja mmoja kwa aibu. Mwisho mkasi ulikuwa wa Otaguro.

Filamu ilitoka mwaka mpya na kujaza majumba nchi nzima. Santuri ya wimbo ilitolewa upya. Ukipita mtaa wowote wa maduka, Februari ile, uliusikia ukitoka kwenye vipaza sauti, mara moja, mzuri, umekamilika, na jina la Kiritani lilikuwa kubwa kwenye matangazo kuliko la mwongozaji. Mwezi huo huo akaandika barua ya kuacha kazi. Otaguro alimpigia simu mara saba. Kisha akaacha.

Mimi nilikuwa nimeamua nibaki studio. Sikuwa nimemsemesha zaidi ya mambo ya kazi tangu Jumanne ile. Lakini mwaka mpya, nikiwa nyumbani nimekunja miguu chini ya meza yenye blanketi na jiko la makaa ndani yake, nilimlalamikia mama jinsi mtu yule alivyothubutu, na mama aliyekuwa akimenya machungwa madogo hakuacha kumenya.

"Alikosea kuja," akasema. "Alikuja kutua mzigo wake mlangoni kwangu. Lakini alifika. Wewe umekaa naye miaka minane, unakula kwake, unamwita mwalimu, na neno lako umeliweka mfukoni. Nani wa ajabu zaidi kati yenu?"

"Mama!"

"Nimeuliza tu. Kula chungwa."

Machi nilimfuata. Alikuwa amekodi chumba mtaa wa Kanda, juu ya karakana ya baiskeli, na kazi aliyokuwa nayo ni filamu fupi za kufundishia: jinsi ya kumwogesha mtoto mchanga, jinsi ya kupanda misonobari, usalama wa watoto barabarani. Badala ya watu arobaini, watatu. Ushijima alikuwa mmoja wao. Mdomo wake haukurudi kuwa kama zamani, studio zilikuwa hazimwiti. Nilipanda ngazi, nikamkuta Kiritani amesimama dirishani anaandika kwenye kioo kwa kidole.

"Kuna kazi?" nikauliza.

"Kuna ya misonobari. Inatakiwa saa nane."

Nikavua koti. Hatukuzungumza zaidi ya hapo, na kusema kweli habari za mama na za Tamotsu hatukupata kuzizungumza mpaka mwisho.

Watu huniuliza kama hatimaye aliupata wimbo ulio bora kuliko ule. Hakuupata. Miaka kumi na sita aliutafuta katika filamu za dakika ishirini ambazo watoto wa shule walizitazama wakipigana viwiko. Alitafuta akitembea, akifuta, akihama. Kila baada ya miezi michache alinigeukia na kuuliza, "Huu je?" nami nikamwambia kweli kila mara, kwa kuwa ndicho kitu pekee nilichokuwa nacho cha kumpa, na yeye alitikisa kichwa kama mtu aliyepewa habari njema na kuanza upya. Sikumsamehe siku fulani ninayoweza kuitaja. Niliona tu, mwaka mmoja, kwamba nimekuwa nikimpikia chai kabla hajaiomba.

Moyo wake ulisimama mwaka wa sabini na nne, kwenye ngazi ya chumba kile, asubuhi yenye jua, penseli iko sikioni. Magazeti yote yaliandika habari za wimbo wa marubani. Hakuna lililoandika misonobari.

Filamu aliyoiacha ilikuwa ya ufugaji wa nyuki. Dakika sita za mwisho hazikuwa na muziki, na chama cha wafugaji kilitaka filamu Ijumaa. Ushijima alikuja, akaketi, akavua kofia.

"Tumpe nani amalizie?" akauliza.

"Sijui. Nitatafuta mtu."

"Dada Nobue. Umeandika kila noti aliyoiandika yule mtu."

"Nimenakili. Si kuandika."

"Mimi sijui tofauti," akasema, mwongo mkubwa. "Mimi ninachojua ni Ijumaa."

Alipoondoka nilichukua karatasi kubwa, ile ya vyombo vyote, ambayo sikuwahi kuigusa ikiwa tupu. Nikanoa penseli. Nikaandika noti nne, nikazisoma, zilikuwa zake. Nikafuta. Nikaandika nyingine, na hizo pia zilikuwa zake. Nikasimama, nikaenda dirishani; chini mwenye karakana alikuwa akizungusha gurudumu na kulisikiliza. Nikarudi, nikakaa, nikasimama tena. Ilipata adhuhuri ndipo nilipoandika tatu ambazo sikuzijua zimetoka kwa nani, nikaogopa, nikaziacha zikae.

Ijumaa tulirekodi dakika zote sita. Chama cha wafugaji kilisema muziki hauna ubaya, ila sauti ya nyuki iongezwe.